Je, wajua? Ramani za zamani zinavyoonesha kasi ya kukua kwa Mbeya

Chukua ramani ya Wajerumani ya kabla ya Vita ya Kwanza ya Dunia, utafute mji wa Mbeya. Hautauona. Utaona Neu-Langenburg, yaani Tukuyu ya leo, maana huko ndiko walikoweka boma lao. Mbeya ilianzishwa 1927, enzi za Mwingereza, dhahabu ya Lupa kule Chunya ilipokuwa inavuta watu. Sensa ya 2022 ilikuta jijini watu 541,603, na mji ulikuwa haujatimiza hata miaka mia.

Kasi hiyo inasomekaje kwenye karatasi? Tazama vitu ambavyo kwa kawaida huwekwa nje ya mji. Uwanja wa ndege ni shahidi mzuri, kwa sababu unahitaji tambarare na nafasi. Ule wa zamani leo umezingirwa na nyumba, na mwishoni mwa 2012 ndege zikahamia Songwe. Uyole nayo, iliyokuwa mbali na mji, sasa ni jiji.

Reli inasaidia kujua umri wa ramani. TAZARA ilijengwa kati ya 1970 na 1975. Ukikuta ramani ya Mbeya haina reli, picha za kutoka angani zilizotumika kuichora zilipigwa kabla ya hapo, hata kama karatasi ilichapwa baadaye. Wengi husoma mwaka wa kuchapwa wakadhani ndio mwaka wa mji wanaouona.

Kinachonigusa zaidi ni mistari ya kontua, ile inayounganisha sehemu zenye kimo kimoja. Kwenye ramani ya 1:50,000, ambapo sentimita mbili ni kilomita moja, mistari hiyo inabanana sana upande wa mlima Loleza: huo ni mwinuko mkali. Ndiyo sababu mji haukutanuka duara, ukajinyoosha kufuata barabara kuu, Uyole upande mmoja, Iyunga upande wa pili. Bondeni palipojaa, watu wakaanza kupanda miteremko. Aprili 2024 tope la Mlima Kawetere liliporomoka likafukia nyumba kule Itezi. Ramani ya kontua ikiwekwa sambamba na picha ya setilaiti ya leo, inaonesha wazi nyumba zipi zimesogea kwenye mistari iliyobanana. Natamani kila ofisi ya kata jijini iwe nazo zote mbili ukutani, na mtu anayetaka kununua kiwanja aoneshwe kabla hajatoa hela.