Kwa nini uso uliotulia wa Kati Outinen ulishinda tuzo Cannes?

Mwaka 2002, tuzo ya mwigizaji bora wa kike katika tamasha la Cannes, Ufaransa, ilikwenda kwa mwanamke wa Helsinki, Finland, ambaye uso wake hautikisiki hovyo: Kati Outinen, mzaliwa wa 1961. Katika filamu ya mwongozaji wa Kifini Aki Kaurismäki alicheza kama Irma, mfanyakazi wa Jeshi la Wokovu anayempenda mtu aliyepigwa hadi akapoteza kumbukumbu na sasa anaishi kwenye kontena karibu na bandari. Hapigi kelele, haangui kilio, maneno yake ni machache. Majaji waliona nini?

Mtu anaweza kudhani hajui kuigiza kwa nguvu. Anajua sana. Miaka ya 1980 alisomea uigizaji katika chuo cha sanaa za maonyesho cha Helsinki, enzi za Jouko Turkka, mwalimu aliyewataka wanafunzi watoke jasho, wapaze sauti, wautumie mwili mpaka ukomo wake. Kwa hiyo utulivu wa Outinen ni uamuzi wa fundi. Jukwaani, aliyeketi safu ya mwisho lazima naye aone. Kamera inakusogelea mpaka kope, kisha uso wako unatandazwa ukuta mzima. Hapo kuinamisha macho kidogo tu ni tukio kubwa.

Mtazame katika filamu ya Kaurismäki ya mwaka 1990, Tulitikkutehtaan tyttö, yaani Msichana wa Kiwanda cha Kiberiti. Yeye ni Iris, anayekagua viberiti vinavyopita kwenye mashine. Nyumbani, mama yake na baba wa kambo wanaishi kwa mshahara wake. Usiku mmoja ameketi kando ya ukuta kwenye ukumbi wa dansi huku mwimbaji akiimba tango, muziki ambao Wafini wameufanya wao kabisa. Wanaume wanakuja, wanawainua wanawake walio pembeni yake mmoja baada ya mwingine, mpaka anabaki peke yake. Outinen anatazama mbele tu. Kwa kuwa hatuambii anajisikiaje, tunachota uchungu huo vifuani mwetu wenyewe na kuuweka usoni pake. Kwangu mimi, hakuna machozi ya sinema yaliyowahi kuniumiza kama hapo.

Baada ya ushindi wa Cannes hakukimbilia Hollywood. Kuanzia mwaka huohuo alikuwa profesa wa uigizaji katika chuo kilekile kilichomlea.

Ila uigizaji wake ninaoupenda kuliko wote ni wa 1996, katika filamu ya mke na mume waliopoteza kazi. Nafasi ya mkuu wa wahudumu wa mgahawa Kaurismäki alikuwa amemkusudia mwigizaji Matti Pellonpää, mwenzake Outinen tangu filamu yao ya 1986. Pellonpää akafariki Julai 1995, na Outinen akaibeba nafasi hiyo. Kuna mahali anatazama picha ya mtoto aliyekufa wa mke na mume hao. Picha ile ni ya Pellonpää mwenyewe, alipokuwa mdogo. Outinen anaitazama, kimya.