Mlango wa Nyumba Yako Ghorofani Usiuwekee Kabari

Malalamiko yanayotufikia sisi wakaguzi wa usalama wa moto kutoka kwenye minara ya makazi ya kifahari yameongezeka, na mengi yanahusu kitu kimoja: mlango wa nyumba unaojifunga wenyewe. Wakazi wanasema ni mzito, unabamiza, unaamsha mtoto. Basi unawekewa kabari, au fundi anaitwa aung'oe ule mkono wa chuma ulio juu, unaourudisha mlango ujifunge.

Kero hiyo tunaielewa. Lakini mlango huo umetengenezwa uhimili moto kwa dakika 30 au 60, kulingana na jengo. Ukiwa wazi, hauzuii chochote.

Januari 9, 2022, huko Bronx, New York, kipasha joto cha umeme kilishika moto katika nyumba moja ya jengo la ghorofa 19. Moto wenyewe haukwenda mbali. Wenye nyumba walipokimbia, mlango haukujifunga. Mlango wa ngazi ghorofa ya 15 nao ulikuwa wazi, moshi ukapanda. Watu 17 walikufa, 8 kati yao watoto. Wote waliuawa na moshi.

“Lakini jengo letu ni la kifahari.” Hilo tunaambiwa karibu kila ukaguzi, na kwa kweli linachosha. Mnara wa Torch wa Dubai, miongoni mwa majengo marefu zaidi ya makazi duniani, uliwaka mwaka 2015, ukawaka tena 2017. Marumaru ya mapokezi haizuii moshi.

Mkaguzi akifika, hufungua mlango kidogo na kuuachia. Ni lazima urudi wenyewe mpaka ulimi wa kitasa uingie tunduni. Kisha hupima mwanya kati ya mlango na fremu, ambao hautakiwi kuzidi milimita chache, na kutazama ukanda mwembamba wa pembeni unaovimba kwa joto na kuziba mwanya huo. Kuna mkazi tuliyemkuta ameubandua, akidhani ni uchafu ulioachwa na mafundi.

Penye kasoro tunaandika ilani: ghorofa, namba ya mlango, kasoro, siku za kurekebisha. Nakala moja ni ya mkazi, nyingine ya msimamizi wa jengo. Muda ukiisha tunarudi. Asiyerekebisha hutozwa faini, na akikaidi hufikishwa mahakamani. Msimamizi aliyejua akanyamaza huwajibishwa kivyake. Kulipa faini hakufuti ilani, wala kumpangisha mtu mwingine hakuifuti. Mlango bado utakaguliwa.

Na mlango unaobamiza unarekebishika. Kwenye mkono ule kuna skrubu ndogo za kupunguza kasi, na fundi anayeujua humaliza kwa dakika chache. Akishamaliza, mwambie auachie mlango mbele yako mara tatu, kwa sababu kasi ikipunguzwa mno, ulimi hauingii.