Kubadili rejeta nyumbani: yanayosemwa na yaliyo kweli

Kung'oa rejeta ni kazi ya spana chache, bisibisi na plaizi. Kwenye gari dogo lenye nafasi mbele ya injini, mtu mwenye subira huimaliza kwa saa mbili au tatu. Kazi hii huharibikia kwingine: kwenye uchunguzi wa kubahatisha kabla ya kushika spana, na kwenye maji na hewa baada ya kuiweka chini. Dhana nyingi potofu zimekaa hapo hapo.

“Gari likichemsha, rejeta imekufa.”

Rejeta ni mshukiwa mmoja kati ya wengi. Tazama gari linachemsha wakati gani. Linalochemsha kwenye foleni kisha likapoa likishika mwendo lina tatizo la feni: mota, fyuzi, relei, au klachi ya feni kwa zile zinazozungushwa na injini. Linalotulia kwenye mwendo mdogo lakini joto likapanda kwenye mlima mrefu ndilo linaloelekeza kidole kwenye rejeta iliyoziba, ingawa pampu ya maji iliyochoka na mkanda unaoteleza hutoa dalili zile zile. Na injini ikiwa imeshapata joto kali huku rejeta yenyewe ni baridi, maji hayaifikii kabisa: thamostati (vali inayofungulia maji njia yakipata moto) imegoma kufunguka, pampu haisukumi, au maji yamekwisha.

Cha kuondolewa shaka kabla ya kununua chochote ni gasketi ya hedi, ile inayoziba kati ya bloku ya injini na hedi iliyo juu yake. Dalili za iliyoungua ni hizi. Mapovu yasiyokoma kwenye mdomo wa rejeta injini ikinguruma. Mpira wa juu, yaani bomba la mpira la juu kati ya injini na rejeta, unaokuwa mgumu dakika moja tu baada ya kuwasha injini iliyolala usiku kucha. Moshi mweupe wenye harufu tamu unaoendelea hata injini ikishapata moto. Oili iliyogeuka nzito na ya kahawia nyeupe. Gesi ya mwako inayopenya hapo huleta presha ambayo mfumo wa kupoza haukuundwa kuibeba, na rejeta mpya itapasuka kama ya zamani.

Rejeta iliyokufa kweli hujitambulisha. Utaona ufa kwenye tangi la plastiki, shingo iliyogeuka kahawia na kumeguka, alama kavu za rangi ya kulanti (dawa inayochanganywa na maji ya kupoza injini) kwenye mshono wa plastiki na alumini, au mapezi, vile vibati vyembamba kati ya mirija, yanayobomoka ukiyagusa. Iliyoziba kwa ndani huonekana kwa kipimajoto cha kulenga kwa mbali. Zima injini iliyo moto, pima safu kwa safu: joto linapaswa kushuka taratibu kutoka upande maji yanakoingilia hadi yanakotokea. Doa la baridi katikati maana yake mirija ya hapo haipitishi kitu.

“Unga wa kuziba, au hata yai, utaokoa rejeta.”

Kinachoziba tundu hakijui kuchagua tundu. Mirija ya rejeta na ya hita ina njia ya milimita chache tu, na makombo yale yale yanayoziba uvujaji hutulia humo. Unga wa dukani unaweza kukufikisha nyumbani. Ukishautumia, hesabu kusafisha mfumo mzima siku ya kubadili, la sivyo rejeta mpya itarithi uchafu wa ya zamani.

“Fundi atailehemu, itarudi kama mpya.”

Za shaba, ndiyo. Ila rejeta nyingi za magari ya leo ni alumini yenye matangi ya plastiki yaliyobanwa kwa meno juu ya gasketi ya mpira. Plastiki iliyozeeka kwa joto haishiki gundi kwa muda mrefu, maana hutanuka na kusinyaa kila safari chini ya presha. Mwenye vifaa anaweza kukunjua meno na kuweka tangi jipya na gasketi mpya, kama mirija ya ndani bado ni mizima.

“Mfuniko ni mfuniko tu.”

Huu ndio uzembe mdogo unaoponza zaidi. Mfuniko wa rejeta ni vali mbili katika kipande kimoja. Springi kubwa hushikilia presha, na kiwango chake huandikwa juu: mara nyingi 0.9 au 1.1, yaani bar, na mingine hutumia 13 au 16, yaani psi. Chini ya presha ya bar 1 hivi, maji matupu huchemka karibu nyuzi 120 badala ya 100, na mchanganyiko wa nusu kulanti nusu maji hupanda kutoka nyuzi 107 hadi karibu 129. Springi ikilegea, injini inayofanya kazi kwa joto lake la kawaida huanza kutoa povu kwenye tangi la akiba, na mwenye gari huilaumu rejeta.

Vali ndogo hufanya kazi kinyume: injini ikipoa, hurudisha maji kutoka kwenye tangi la akiba. Ikikwama, utakuta mpira wa juu umebonyea asubuhi.

Weka mfuniko mpya wenye namba ile ile pamoja na rejeta mpya. Namba kubwa zaidi haipozi zaidi. Inaongeza mzigo kwenye mipira, hita na plastiki. Kwa magari ambayo rejeta haina mdomo, mfuniko wenye presha uko kwenye tangi lenyewe, na yote haya yanauhusu huo. Usiufungue injini ikiwa moto. Dakika kumi za kusubiri hazitoshi: maji yaliyo juu ya nyuzi 100 hulipuka kuwa mvuke presha inapoachiwa. Subiri hadi mpira wa juu ushikike kwa mkono mtupu na ubonyee bila kusukuma vidole.

“Fungua bolti, ivute juu, basi.”

Anza kwa kuchomoa waya hasi wa betri. Feni ya umeme ya baadhi ya magari huweza kuwaka yenyewe hata funguo ikiwa mfukoni. Weka beseni la lita 10 chini, toa mfuniko ili hewa iingie, kisha fungua koki ya chini. Koki ya plastiki iliyogoma isilazimishwe kwa plaizi. Achia mpira wa chini na uwe tayari kulowa.

Mipira ikiwa imeganda, izungushe kwanza kabla ya kuivuta. Isiponyanyuka, ichane kwa wembe kwa urefu wake. Shingo ya rejeta inayotupwa haina thamani tena, lakini ile ya upande wa injini na nyumba ya thamostati ndiyo utakayobaki nayo, na bisibisi inayochokonoa hapo huacha mkwaruzo utakaovuja.

Gari la gia otomatiki mara nyingi lina mabomba mawili membamba yanayoingia kwenye tangi la rejeta. Humo hupita oili ya giaboksi. Kama yana nati, tumia spana mbili, moja ishike kiungo na nyingine igeuze nati, la sivyo bomba hujisokota na kupasuka. Ziba ncha kwa vizibo safi, pima oili iliyomwagika, na uirudishe kiasi hicho kwa aina ile ile iliyoandikwa kwenye kitabu cha gari. Ukikuta ndani ya rejeta uji mzito wa rangi ya waridi, kipoza oili cha ndani kimetoboka na vimiminika viwili vimechanganyika. Hapo rejeta mpya peke yake haitoshi. Maji huachanisha gundi ya sahani za klachi za giaboksi, kwa hiyo oili yote ya gia ibadilishwe na gari lisiendeshwe kabla ya hapo.

Kondensa ya AC, inayopoza gesi ya kiyoyozi, iko mbele ya rejeta, na kwenye magari mengine imening'inia kwenye rejeta yenyewe. Mabomba yake ya gesi hayaguswi. Ifunge kwa kamba kwenye fremu ya juu kabla ya kufungua bolti zake, na upachike kipande cha boksi kati yake na rejeta ili mapezi yasilazwe.

Kabla ya kufunga mpya, zilaze zote mbili chini sambamba. Linganisha urefu, unene, kipenyo na mwelekeo wa shingo, na mahali pa bolti za feni. Hamisha miguu ya mpira ya chini, maana rejeta iliyokaa chuma kwa chuma hupasuliwa na mtikisiko. Hamisha sensa ikiwa na oringi mpya. Hamisha pia sponji za pembeni. Wengi huzitupa, lakini ndizo zinazozuia hewa ya moto ya injini kuzunguka na kupita tena kwenye mapezi.

“Kaza klipu kwa nguvu zote, paka na silikoni.”

Shingo za plastiki hazijaumbwa kwa nguvu zote. Klipu inakaa nyuma ya ukingo ulioinuka wa shingo, milimita kadhaa kutoka mwisho wa mpira, na skrubu hukazwa mpaka mpira uvimbe kidogo tu pembeni ya klipu. Zile za springi zilizotoka kiwandani si duni kama zinavyodharauliwa: hufuata mpira unapotanuka na kusinyaa, jambo ambalo ya skrubu haiwezi. Silikoni haihitajiki kwenye mpira mzima na shingo safi, na mabonge yake yaliyosukumwa ndani hukatika na kwenda kukaa kwenye mirija.

“Penye joto hakuna haja ya kulanti, maji yanatosha.”

Kulanti si dawa ya barafu pekee. Ina vizuia kutu vinavyolinda alumini, chuma na sili ya pampu, na hupandisha kiwango cha kuchemka. Maji ya bomba huacha chokaa kwenye mirija, tumia yaliyotoneshwa, yaani yaliyoondolewa madini.

Kuongeza kulanti kupita kiasi nako hakusaidii. Mchanganyiko wa nusu kwa nusu hustahimili baridi hadi nyuzi 37 chini ya sifuri. Glikoli tupu, yaani kulanti isiyotiwa maji, huganda karibu nyuzi 13 chini ya sifuri, na hubeba joto kidogo kuliko maji. Usivuke asilimia 70.

Na rangi? Kijani, nyekundu au bluu ni uamuzi wa aliyejaza chupa. Hakuna sheria moja ya rangi kwa watengenezaji wote. Kinachohesabika ni aina ya vizuia kutu: za zamani zenye silikati hudumu miaka 2 hivi, za asidi za kikaboni hufika 5. Zikichanganywa, muda huo hupungua, na baadhi huweza kuganda kama jeli. Soma kiwango kilichotajwa kwenye kitabu cha gari, kitafute nyuma ya chupa.

“Nimenunua iliyochanganywa tayari, nimimine tu.”

Hapa hesabu huwaangusha hata wenye uzoefu. Tuseme mfumo una lita 7. Ukifungulia rejeta zinatoka lita 3.5, nyingine 3.5 zimebaki kwenye bloku na hita. Ukiwa umesuuza kwa maji, zilizobaki ni maji matupu. Ukijaza lita 3.5 za mchanganyiko wa tayari, mfumo mzima unabaki na kulanti asilimia 25. Baada ya kusuuza, mimina kwanza kulanti kali nusu ya ujazo wote wa mfumo, yaani lita 3.5 kwa mfano huu, kisha maji yaliyotoneshwa kama nafasi imebaki. Iliyochanganywa tayari inafaa pale ambapo hukusuuza na unarudisha aina ile ile.

“Ikijaa hadi mdomoni, kazi imekwisha.”

Imejaa mdomoni, kwenye hedi na hita kuna hewa. Mvuke ukijikusanya penye sensa, mshale wa dashibodi huweza hata kushuka wakati hedi inaungua, kwa sababu sensa hupima vizuri ikiwa imezama kwenye maji. Magari mengi ya kisasa pia yameundwa mshale ubaki katikati kwa joto la wigo mpana, kwa hiyo usiuamini peke yake.

Panga pua ya gari iwe juu kidogo. Weka hita kwenye moto wa mwisho. Mimina polepole, huku ukibonyeza mpira wa juu ili mapovu yatoke, na kama kuna skrubu ya kutolea hewa iache wazi mpaka itoke kulanti bila mapovu. Washa injini mfuniko ukiwa wazi, iache ingurume yenyewe bila kukanyaga mafuta, na uongeze kadiri kiwango kinavyoshuka. Thamostati ikifunguka, kwa kawaida kati ya nyuzi 82 na 95, kiwango hushuka ghafla na mpira wa upande wa pili wa rejeta hupata joto. Ongeza tena, funga, subiri feni iwake na kuzima mara mbili. Hita ikitoa hewa baridi wakati injini ni moto, bado kuna hewa ndani.

“Ukiwa umeshafungua, toa na thamostati.”

Injini isiyofika joto lake hula mafuta zaidi na huchakaa upesi. Tena kwenye baadhi ya injini, thamostati inapofunguka ndiyo inayofunga njia ya mkato ya maji. Ikitolewa, sehemu ya maji huipita rejeta pembeni, na gari linaweza kuchemsha kuliko mwanzo. Weka mpya.

“Kulanti ya zamani ni maji machafu tu, mwaga.”

Ina ladha tamu na inaua. Mbwa na watoto huvutiwa nayo, na kiasi kidogo huharibu figo. Ifunge kwenye dumu lenye maandishi, uipeleke panapopokelewa taka za magari.

Asubuhi ya pili, injini ikiwa baridi, fungua mfuniko na utazame. Kushuka kwa robo hadi nusu lita ni kawaida; ni hewa ya mwisho iliyotoka. Ongeza, pitia klipu za skrubu, pangusa chini ya koki kwa karatasi kavu. Rudia baada ya kilomita 100 hivi. Ikiwa kiwango bado kinashuka na chini ya gari hakuna tone, wala zulia la abiria halijalowa kwa hita inayovuja, rudi kwenye gasketi ya hedi.