Dalali wa mahakama akibisha hodi

Tuchukue mfano wa mkulima wa Chamwino. Alikopa fedha za kulimia alizeti, mvua ikakata mapema, aliyemkopesha akafungua kesi na kushinda. Mwaka mzima kimya. Asubuhi moja Fuso inasimama uani na dalali wa mahakama anashuka na hati ya kukamata mali. Siku hiyo ndipo watu wengi wanapokuja ofisini kwetu Dodoma mjini, wakihema, ilhali barua ya wito wa mahakama wanayo nyumbani tangu mwezi uliopita.

Kukaza hukumu, yaani kuitekeleza kwa nguvu ya mahakama, ni haki ya mshinda tuzo, yule aliyeshinda kesi (tuzo ni amri ya mahakama inayosema nani amlipe nani nini), na sheria inampa hadi miaka 12 kuidai. Kumsubiri asahau ni kujidanganya. Ila Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33, imemwekea mipaka. (Mahakama za mwanzo zina kanuni zake, ukishtakiwa huko, uliza karani mapema.) Ukipita mwaka mmoja tangu tuzo itolewe, kwa kawaida mdaiwa hupewa kwanza notisi aje aeleze kwa nini hukumu isikazwe. Dalali haruhusiwi kuingia nyumba ya kuishi kabla ya jua kuchomoza wala baada ya kuzama. Nguo, vyombo vya kupikia, vitanda na matandiko ya familia havikamatwi. Vilevile zana za fundi, na nyumba anamoishi mdaiwa na familia yake. Nyumba uliyoweka rehani benki ni habari nyingine: benki huiuza kwa Sheria ya Ardhi, na kinga hii haikusaidii.

Kwa mkulima, sheria inalinda pia zana za kilimo, mbegu, na ng'ombe wanaohitajika ili aendelee kujipatia riziki. Wanaohitajika kwa maoni ya nani? Ya mahakama. Dalali hawezi kujua kwamba wale maksai wawili ndio wanaolima ekari zako zote, na hakimu naye hajui mpaka umwambie. Kwa hiyo anayekimbizia mifugo porini anajinyima nafasi ya kusema jambo ambalo sheria iko tayari kulisikiliza. Na huku kwetu ng'ombe wa mtu kulala kwenye zizi la jamaa yake ni jambo la kawaida. Ng'ombe huyo akikamatwa kwa deni la mwenye zizi, mwenye ng'ombe afungue pingamizi katika mahakama hiyohiyo kabla ya mnada, akiwa na ushahidi wa umiliki.

Kifungo cha madai, yaani kufungwa gerezani kwa kutolipa deni la tuzo, kipo, lakini si adhabu ya umaskini. Mdaiwa huweza kuitwa ajieleze kwanza, na mahakama ikiridhika kwamba hana uwezo wa kulipa, inaweza kukataa kumfunga. Anayeomba afungwe ndiye hulipia posho ya chakula chake. Na akitoka gerezani deni bado lipo, ingawa hawezi kukamatwa tena kwa tuzo hiyohiyo.

Kosa linaloniuma zaidi ni la watu waaminifu: wanalipa kidogokidogo mkononi, kwa simu, kwa gunia la mahindi, bila mahakama kujua. Malipo ambayo hayajaandikishwa mahakamani hayatambuliwi na mahakama inayokaza hukumu. Unaweza kulipa nusu ya deni ukadaiwa lote. Mkikubaliana kulipa kwa awamu, yapelekeni makubaliano kwenye jalada la kesi, na kila stakabadhi iyafuate.

Mali ikishakamatwa bado kuna muda. Bila idhini ya maandishi ya mdaiwa, mali inayohamishika haiuzwi kabla ya siku 15 tangu tangazo la mnada kubandikwa mahakamani, na isiyohamishika kabla ya siku 30. Hata shamba likishauzwa, ndani ya siku 30 unaweza kuomba mauzo yatenguliwe kwa kuweka mahakamani kiasi kilichotajwa kwenye tangazo pamoja na asilimia 5 ya bei kwa ajili ya mnunuzi.