Sauti ya Mechi Inachelewa: Tuache Kuilaumu Minara ya Lubumbashi kwa Kila Kitu

Wiki hii nimeambiwa tena jambo lile lile, na aliyeniambia alikuwa na uhakika kamili: «Yaya, Wamarekani wanasikia mechi za NBA papo hapo, sisi tunasikia mabaki, kwa sababu mtandao wa Congo umeoza.» Kauli hiyo naisikia katika mitaa ya Katuba na Kenya hapa Lubumbashi, na naisikia hata ndani ya studio ninamofanya kazi ya ufundi wa sauti, kutoka kwa watu ambao kazi yao ya kila siku ingepaswa kuwa imewaonyesha ukweli. Ina madhara yake. Watu hununua mega (data za intaneti) nyingi kuliko wanavyohitaji, hubadilisha laini za simu, hukesha wakitafuta programu nyingine, yote hayo kwa lengo la kuondoa ucheleweshaji ambao hauondoki kwa njia hiyo, kisha hukata tamaa na kuacha kusikiliza. Jiji lililowazaa wachezaji Bismack Biyombo na Oscar Tshiebwe halistahili kuikosa NBA, ligi ya mpira wa kikapu ya Marekani, kwa sababu ya kosa la hesabu.

Tuanze na umbali, kwa kuwa ndio hutajwa kwanza. Mwanga ndani ya nyuzi za kioo husafiri karibu kilomita 200,000 kwa sekunde. Hata tukikubali kwamba kebo zinazotuunganisha na Los Angeles zinazunguka baharini na nchi kavu hadi kutimiza kilomita 30,000, safari hiyo yote ni sekunde 0.15. Satelaiti za mawasiliano zilizo juu ya ikweta, kwenye kimo cha kilomita 35,786, huongeza takriban robo ya sekunde kwa kupanda na kushuka. Jumlisha na vituo vya kupokezana vilivyo njiani, na kwa kawaida bado hujafikisha sekunde moja. Hata hivyo sauti inayotoka kwenye simu yako iko nyuma ya uwanja kwa sekunde 20, 30, wakati mwingine 40. Sekunde hizo haziwezi kuwa zimepotelea baharini.

Zimewekwa kwa makusudi na waliobuni mfumo. Huduma nyingi kubwa za sauti ya moja kwa moja hukata mkondo, yaani sauti inayotiririka kwa intaneti, katika vipande, kila kipande kikiwa na sekunde kadhaa za sauti. Apple, ambao ndio waliobuni HLS, mfumo wa kurusha sauti na video kwa intaneti unaotumika karibu kila mahali, hupendekeza vipande vya sekunde 6. Zamani walipendekeza 10. Kipande hakiwezi kutumwa kabla hakijakamilika, maana yake mtangazaji akianza kutamka jina la mchezaji mwanzoni mwa kipande, jina hilo linakaa kwenye seva likisubiri sekunde zilizobaki zijae. Kisha kichezeshi, yaani programu ya kucheza sauti iliyo kwenye simu, hakianzi na kipande kipya kabisa. Kanuni za mfumo zinakitaka kianze angalau vipande vitatu nyuma ya ukingo, yaani mwisho wa sauti iliyokwisha kufika kwenye seva, ili kiwe na akiba iwapo njia itakwama. Vipande vitatu vya sekunde 6 ni sekunde 18; vya sekunde 10 ni 30. Hapo bado hatujahesabu muda wa kubana sauti, muda wa kuisambaza kwenye seva za mikoa mbalimbali, wala muda wa kupachika matangazo ya biashara. Tangu mwaka 2019 kuna toleo la HLS linalopunguza muda huo sana, lakini kulitumia ni uamuzi wa mwenye huduma, na wewe msikilizaji huna kitufe cha kuliamuru.

Kwa hiyo shabiki wa Chicago anayesikiliza kwa simu akiwa jikoni kwake, kilomita chache tu kutoka uwanjani, naye amechelewa. Wamarekani wengi wenye tabia ya kuzima sauti ya televisheni na kusikiliza mtangazaji wa redio hulalamika kila msimu kwamba picha na sauti haziendi pamoja. Mwenye kupata mchezo mapema ni yule aliye na redio ya kawaida inayopokea mawimbi ya kituo cha jiji lake, na hata huyo mara nyingine huwa nyuma kwa sekunde chache, kwa sababu vituo vingi huweka akiba ndogo ili kukata matusi kabla hayajaruka hewani.

Tupime uzito wa sekunde hizo kwa kipimo cha mchezo wenyewe. Tangu mwaka 1954 timu ya NBA hupewa sekunde 24 za kurusha mpira. Ukichelewa kwa sekunde 24, umechelewa kwa shambulio zima. Wakati sikio lako linasikia mpira ukivuka mstari wa kati, kule tayari umeingia au umekosa, na timu ya pili inakuja. Hilo halina athari yoyote kwako, mradi hakuna mtu wa kukutangulia. Anayekutangulia huwa ni programu ya matokeo iliyo kwenye simu hiyo hiyo. Takwimu za mechi huingizwa na watu walioketi pembeni mwa uwanja, na tarakimu chache hazihitaji kusubiri vipande vitatu vya sauti. Ndiyo maana simu hutetemeka kutangaza pointi ambazo mtangazaji bado hajazifikia, na msikilizaji huhitimisha kwamba sauti yake imeoza. Zima taarifa za matokeo. Zima pia kikundi cha WhatsApp chenye mtu anayetazama kwa dishi. Hakuna hatua nyingine inayoboresha usikilizaji kiasi hicho, na haigharimu hata faranga moja.

Sasa nakuja kwenye sehemu ambayo mtandao wetu una hatia kweli, maana sipendi kuondoa uongo mmoja kwa kuleta mwingine. Mkondo ukikwama kwa sekunde 15, vichezeshi vingi haviruki mbele vinapoamka. Huendelea pale vilipoachia. Sekunde hizo 15 zinaongezwa juu ya zile za awali, na zinabaki. Mkwamo mwingine unaongeza nyingine. Kufikia robo ya nne unaweza kuwa nyuma kwa dakika mbili na usijue, kwa kuwa sauti yenyewe inasikika safi. Dawa ni kufunga mkondo na kuufungua upya, au kubonyeza alama ya kurudi moja kwa moja pale ilipo, wakati wa mapumziko ya timu. Kununua mega zaidi hakuzirudishi sekunde hizo.

Kuna jambo jingine ambalo sijawahi kumsikia muuza mega akilieleza. Redio nyingi ndogo hazitumii vipande; hutumia seva za aina ya Icecast, ambazo humtupia msikilizaji mpya, kwa mkupuo mmoja, akiba ya sauti iliyokwisha kupita ili sauti ianze haraka. Ukubwa wa kawaida wa akiba hiyo ni baiti 65,536. Hesabu mwenyewe: katika mkondo wa kilobiti 128 kwa sekunde, baiti hizo ni takriban sekunde 4 za sauti, katika kilobiti 64 ni sekunde 8, katika kilobiti 32 ni sekunde 16. Msikilizaji anayechagua mkondo mwembamba ili abane mega anapewa akiba ile ile, ila kwake inachukua muda mrefu zaidi kuchezwa. Anachelewa zaidi kwa sababu ya kubana. Si kosa la mtu yeyote, bali ni tabia ya hesabu yenyewe, na nimeona mafundi wazuri wakibishana usiku kucha bila kuigundua.

Je, nasema usibane? Hapana. Mkondo wa kilobiti 64 hutumia kama megabaiti 29 kwa saa, yaani takriban 72 kwa mechi ya saa mbili na nusu. Video ya megabiti 3 kwa sekunde, kwa muda huo huo, hupita gigabaiti 3. Tofauti hiyo ndiyo inayoifanya sauti kuwa njia ya watu wengi katika jiji hili, pamoja na ukweli kwamba simu yenye kioo kilichozimwa huvumilia usiku usio na umeme.

Ila nina shaka juu ya kushuka hadi kilobiti 32, ingawa vitabu husema zinatosha kwa maneno ya mtu. Zinatosha kwa maneno. Mechi ya mpira wa kikapu redioni haijengwi kwa maneno peke yake. Mtangazaji mzuri hawezi kutaja kila pasi, kwa kuwa mpira unakwenda haraka kuliko ulimi. Anaacha mlio wa viatu, mdundo wa mpira na mwinuko wa sauti ya watu vikujulishe kilichotokea, kisha anathibitisha. Mwaka 2016, katika mechi ya tatu ya fainali ya Kanda ya Mashariki, Biyombo aliichezea Toronto dhidi ya Cleveland na kudaka rebaundi 26, yaani mipira iliyokosa kuingia kikapuni. Rebaundi inaanza kusikika kabla ya jina kutamkwa: mpira unagonga chuma, watu wanashusha pumzi, ndipo jina linakuja. Ukibana sauti kupita kiasi, masafa ya juu hukatwa au hubuniwa upya na kodeki (programu ya kubana sauti), na mlio wa viatu unageuka mchakacho usio na maana. Unabaki na mtu anayesoma majina. Mimi husikiliza kwa kilobiti 64 na nakubali gharama yake, lakini siwezi kukuthibitishia kwa kipimo chochote kwamba sikio lako litahitaji hizo.

Kuhusu mahali pa kuipata sauti, nitapita haraka. Programu rasmi ya NBA ndiyo mlango wa kwanza wa kujaribu, kwa kuwa ligi yenyewe imekuwa ikipitishia huko sauti za watangazaji wa redio wa timu, wa wenyeji na wa wageni. Angalia kwanza kinachotolewa kwa nchi yetu katika msimu husika kabla ya kulipa. SiriusXM, redio ya kulipia ya satelaiti ambayo watu husoma sifa zake kwenye kurasa za Kimarekani, imelenga Marekani na Canada, na satelaiti zake hazielekei kwetu. Vituo vya miji, kama WSCR 670 cha Chicago kinachorusha mechi za timu ya Bulls, vina mikondo ya intaneti unayoweza kuikuta katika programu za kukusanya redio, lakini haki ya kurusha hewani katika eneo la jiji na haki ya kurusha mtandaoni dunia nzima ni vitu viwili. Ndiyo maana unafungua kituo saa ya mechi na kukuta mazungumzo au ukimya. Kituo hakijaharibika. Na usitegemee mawimbi ya kati (AM) ya Marekani kukufikia Katanga. Usiku huvuka majimbo mengi, lakini hayajengwi kwa ajili ya Atlantiki na nusu ya Afrika.

Saa nazo huleta malalamiko yasiyo na msingi. Lubumbashi hatubadilishi saa, Wamarekani hubadilisha. Mechi ya New York inayoanza saa moja na nusu jioni ya kwao, wakati wa baridi yao, kwetu ni saa nane na nusu usiku. Ya Los Angeles ni saa kumi na moja na nusu alfajiri. Kuanzia Jumapili ya pili ya Machi zote husogea nyuma saa moja kwetu: saa saba na nusu, na saa kumi na nusu. Kila Machi kuna watu wanaofungua mkondo robo ya pili ikiwa imeshaanza na kusema mtandao umekula mwanzo. Ukipokea ratiba kutoka kwa ndugu wa Kinshasa, ongeza saa moja.

Limebaki jambo linalohusu kazi yetu wenyewe, na hapa sina jibu lililokamilika. Baadhi ya watangazaji wa mashariki mwa nchi husikiliza mkondo wa Kiingereza kwa visikizio na kuusimulia upya kwa Kiswahili, hasa anapocheza mtoto wa nyumbani kama Jonathan Kuminga aliyezaliwa Goma. Kazi hiyo naipenda na ninaitetea. Mama wa mtaa wetu wa Ruashi asiyejua Kiingereza ana haki ya kusikia mechi, na redio ya betri haimdai mega. Lakini msimuliaji huyo yuko nyuma ya uwanja kwa sekunde za mkondo, halafu anaongeza sekunde zake za kusikia, kuelewa na kutamka. Akikwama, anaruka shambulio zima au analijaza kwa kukisia. Wapo wanaokisia vizuri sana kiasi kwamba siwezi kutofautisha, na hilo linanisumbua kuliko wale wanaokisia vibaya. Swali la ruhusa ya kufanya hivyo ni la wanasheria, nami si mwanasheria.

Ninachoomba kwa wenzangu ni kidogo. Mwanzoni mwa matangazo waseme wazi kwamba wanasimulia kutoka kwenye mkondo na kwamba wako nyuma ya uwanja. Mkondo ukikatika, waseme umekatika, na ukirudi wataje matokeo kama walivyoyakuta, bila kubuni pointi za katikati. Na kabla ya robo ya nne, fundi aliye zamu afunge mkondo na kuufungua tena wakati timu zinapumzika, ili yule aliye Ruashi asimalizie mechi iliyokwisha dakika mbili zilizopita.