Toromiro, mti unaoishi ugenini

Kwenye matuta ya mchanga ya pwani yetu huota kichaka cha majani ya kijivujivu, laini kama mahameli, kiitwacho Sophora inhambanensis. Ganda lake limebanwa kati ya mbegu na mbegu, utadhani tasbihi. Kila nikilishika namkumbuka ndugu yake wa mbali, toromiro.

Toromiro (Sophora toromiro) ni mti mdogo wa jamii ya mikunde, wenye maua ya njano. Asili yake ni kisiwa kimoja tu: Rapa Nui, yaani Kisiwa cha Pasaka, kinachotawaliwa na Chile. Mbao zake ni nyekundu na ngumu, na wenyeji walizichongea moai kavakava, vile vinyago vya watu waliokonda mbavu nje. Shoka liliupunguza. Kisha wakaja kondoo, maelfu kwa maelfu, na mche ukichipua tu umeliwa. Ukabaki mti mmoja ndani ya kasoko ya Rano Kau, volkano ya kisiwani humo. Msafara wa 1955–56 wa Thor Heyerdahl, mpelelezi wa Norway, ulichukua mbegu zake, zikaoteshwa Göteborg, Sweden. Miaka michache baadaye kisiwani hapakuwa na hata mmoja.

Kuotesha mbegu si kazi kubwa. Mbegu za ukoo huu ni kama kokoto, maji hayapenyi. Zile za kichaka chetu cha pwani nazisugua upande mmoja kwa msasa mpaka rangi ya ndani ichungulie, nazilaza kwenye maji usiku kucha. Iliyovimba naipanda, iliyogoma inarudi kwenye msasa.

Kazi ni kuurudisha mti kwao. Tangu miaka ya 1960 miche imepelekwa Rapa Nui mara kadhaa, na mingi imekufa. Upepo na ukame vina lawama zao, lakini mimi macho yangu yako kwenye mizizi. Mikunde hufuga bakteria ndani ya vinundu vya mizizi, nao huilisha naitrojeni. Udongo uliokaa miongo bila mti wake unaweza kuwa umewapoteza na wapangaji wake, na mche uliolelewa kwenye chungu Ulaya hauji nao.

Ndiyo maana kitaluni sihukumu mche kwa majani. Nang'oa mmoja, naosha mizizi, napasua kinundu kwa ukucha. Kikiwa chekundu kama nyama mbichi, bakteria wako kazini. Kikiwa cheupe, majani hata yawe ya kijani namna gani, siupeleki shambani.