Neno chafu na neno la hatari

"Ukitukana utafungwa." Kitisho hiki hutolewa stejini kila makanga anapozozana na abiria juu ya chenji. Ukweli ni kwamba sheria za Kenya hazina orodha ya matusi. Mara nyingi anayeburutwa kortini hushtakiwa chini ya kifungu cha 95 cha Kanuni ya Adhabu, kwa kuzua fujo inayoweza kuvuruga amani. Adhabu haizidi kifungo cha miezi 6.

"Neno lenyewe ndilo chafu." Nyoko maana yake ni mama yako tu, neno lililoundwa kama babako na nduguyo. Wakikuyu wana nyũkwa, maana ileile, nayo imegeuka tusi vilevile. Wazee walisema mvua yanya na hakuna aliyecheka. Siku hizi mvua hunyesha, kunya tumekuachia choo.

"Lisilo tusi halina kosa." Hapa ndipo wengi huteleza. Madoadoa ni ya chui na kanga, mtoto wa chekechea huyataja bila kuchapwa. Lakini katika siasa za Bonde la Ufa yametumika kuwaita majirani wa kabila jingine wanaotakiwa wahame, na mwaka 2022 Tume ya Uwiano na Utangamano wa Kitaifa ikalitia neno hilo kwenye orodha yake ya maneno ya chuki. Kifungu cha 13 cha sheria ya tume hiyo, ya 2008, kina faini ya hadi shilingi milioni 1, kifungo cha hadi miaka 3, au vyote viwili. Orodha hiyo ilibeba hata hatupangwingwi, kaulimbiu ya kisiasa yenye maana ya hatupangiwi, na hapo naona tume ilipitiliza: kukataa kupangiwa ni maoni, na maoni yanalindwa na Ibara ya 33 ya Katiba.

"Kumsema vibaya mkubwa ni jinai." Ilikuwa. Mwaka 2017 Mahakama Kuu ilifuta kifungu cha 132, kilichokataza kudunisha mamlaka ya maafisa wa umma, na cha 194, kashfa ya jinai.

Kesi ya madai ingalipo, anayedhani umemharibia jina anaweza kudai fidia. Ukimwita jirani mbwa kwa hasira, hakuna atakayeamini ana mkia, na mahakama kwa kawaida haioni kashfa hapo. Ukisema kwa upole, bila tusi hata moja, kwamba alikula pesa za chama cha akiba, tafuta ushahidi.